Waume Kumi na Mmoja wa Cen Lanzhi

"Wanaume kumi na mmoja, Lanzhi. Halafu unaniuliza mimi nachelewa nini?"

Fu Jichang alikuwa akipekua kitabu cha kaya cha mchumba wake, kile cha serikali cha kuandikisha ndoa na familia, mbele ya dirisha la ofisi ya ndoa. Foleni nzima ilikuwa inasikiliza.

Cen Lanzhi aliigiza tamthilia za kale kwenye studio za Hengdian, na kila aliyemwoa mbele ya kamera, ukurasa wake ulijitokeza wenyewe kitabuni. Wa nne ulikuwa wa jenerali: kazi: vita; hali: amefariki kwa mshale. Wa saba ulikuwa wa mfalme mdogo, amefariki kwa sumu. Wa Jichang, aliyeishi naye miaka saba, haukuwepo.

"Hao wamekufa," Lanzhi alisema. "Wewe uko hai, na kila mwaka unasahau kitabu chako kwa mama yako kule Wenzhou."

"Nakulinda. Mashabiki wakijua una mume, nani atakutazama tena?"

"Sijakuuliza habari za mashabiki."

Karani, Bi Du, alikichukua kitabu akakifunga. "Waume wa tamthilia si kizuizi. Wiki jana nimemwozesha dada mmoja alikuwa nao ishirini. Na wewe kaka, kitabu si lazima. Nipe kitambulisho."

Jichang alisema kiko garini. Lanzhi alikitoa kwenye mfuko wa koti la Jichang, akakipitisha dirishani.

Bi Du alisoma kompyuta kama anayesoma bei ya kabichi. "Ameoa. Wenzhou, tarehe nane Mei, miaka mitano iliyopita. Mtoto mmoja, wa kike."

Lanzhi aliikumbuka tarehe. Siku hiyo Jichang aliaga kuwa anakwenda kumuuguza mama yake. Lanzhi alishinda mbele ya kamera amepiga magoti kwenye matope, kichwa cha jenerali mapajani, maana mshale ulimlenga yeye na jenerali aliukinga.

"Ningekuambia," Jichang alisema. "Ila ulikuwa kazini kila siku."

"Jenerali naye alikuwa kazini."

Bi Du aliuliza kama kuna huduma nyingine. Lanzhi alichukua boksi jekundu la peremende za harusi alilowaletea makarani, akawapa wachumba waliosimama nyuma yake. "Shikeni, wadogo zangu. Zamu yenu."

Akachukua kitabu chake, akatoka, akapanda gari la wapiga picha wa tamthilia. Saa sita mchana aliolewa mbele ya kamera na mfanyabiashara wa chumvi, ambaye angezama mtoni vipindi vinne mbele. Lanzhi alimfunga vifungo vya koti kimoja kimoja.

Jichang alipanda treni, akawahi chakula cha jioni Wenzhou. Mkewe alikuwa amepika samaki.

Ukurasa wa kumi na mbili ulikuwa bado na wino mbichi. Lanzhi aliupuliza hadi ukakauka, akakitia kitabu kwenye droo.