Sot Haijaisha

Treni ilishaiacha Lumding, na Tankeswar alikuwa kaegemea dirisha kama mtu anayekwenda mazikoni. Kalenda ya bohari ya reli alikofanya kazi ilisema Aprili kumi na nne. Mara ya mwisho kuwa nyumbani, ng'ombe waliogeshwa tarehe kumi na tatu. Basi siku imempita jana, na ilikuwa ya mwisho: sikukuu ya mwaka mpya, Bihu, ikiisha, mama angewauza maksai wake wawili, kwa kuwa trekta ya jirani ndiyo ingelima. Alimwita kwa neno moja tu, aje wawaogeshe pamoja. Bosi akamkatalia ruhusa mpaka jana jioni.

Mama mmoja mwenye kapu la bata akamtazama. "Mdogo wangu, umefiwa?"

"Hapana, dada. Nimechelewa Bihu."

"Umechelewa wapi? Na hawa bata wangu nawapeleka matangani?"

Abiria wakacheka. Tankeswar akajua anafarijiwa tu.

Utotoni hakuijua Aprili. Kulikuwa na Sot, mwezi wa mwisho wa mwaka wa kwao, vumbi na upepo mkavu, kisha Bohag, mwezi wa kwanza, mvua ya kwanza na harufu ya bizari ya manjano ya kuwasugulia ng'ombe mikononi mwa baba. Siku Sot inapoisha walikata mung'unye na biringanya wakawarushia ng'ombe mtoni, maji yakiwafika kiunoni. Ni lini hasa alianza kuishi kwa kalenda ya ukutani? Hakukumbuka.

Alishuka, akapita mashambani kichwa chini. Alipofika ukingo wa mto Dikhow akasikia kelele. Mto mzima ulikuwa ng'ombe.

Mdogo wake Lokhen alikuwa majini, kashika pembe. "Kaka! Unashangaa nini, vua viatu!"

"Si ilikuwa jana?"

"Jana ya nani? Leo ndiyo Sot inaisha. Mwaka ule iliisha kumi na tatu, mwaka huu kumi na nne. Hukumuuliza mtu huko reli?"

"Mwacheni," mama akasema, mikono yake ya njano mpaka viwikoni. "Tankeswar, shika huyu mkorofi. Mimi nguvu zimekwisha."

Akaingia na suruali yake ya kazini. Walimsugua yule maksai polepole, mama upande huu, yeye upande ule, hakuna aliyetaka kumaliza.

Maksai waliuzwa wiki iliyofuata kwa mtu wa Nazira. Mama alifariki mwezi wa Magh, miaka mitatu baadaye. Lokhen alinunua trekta yake, ikaharibika, akaacha kulima. Tankeswar alistaafu na anaishi Lumding.