Nyuma ya Kamba

Vijiko viwili vya sukari, kama siku zote. Dereva alikoroga vizuri, akafunika kikombe kwa kiganja ili upepo usiipoze chai, akavuka uwanja wa maegesho hadi aliposimama mkewe. Mkewe akapokea, akasema, "Ahsante, baba watoto," akapiga funda moja, kisha akakiweka kikombe juu ya boneti ya gari na kuendelea kukagua mikanda ya wageni. Hakukigusa tena.

"Shemeji," alisema Ngongoti, aliyekuwa amesimama kando ya mkewe, akicheka kwa upole wake ule wa kuudhi, "huyu ameacha sukari siku nyingi. Ilikuwa inamletea kiungulia."

Akafungua chupa yake mwenyewe, akammiminia yule mama chai isiyo na sukari, na yule mama akainywa yote huku akiongea.

Basi hapo ndipo shetani alipovuta kiti akakaa.

Ilikuwa safari ya kutwa, kama zile ambazo kampuni yao ilikuwa ikiwapeleka wageni kila siku ya jua: asubuhi chemchemi za maji moto, ambako ardhi yenyewe hutoa mvuke; kisha uwanda wa mawe meusi yaliyomwagwa na volkano zamani; mchana kupanda barafu iliyolala mgongoni mwa mlima huohuo wa moto; jioni kurudi mjini na miguu inayouma. Dereva aliendesha, akamimina chai, akasafisha matope kwenye viatu. Mkewe aliongoza juu ya barafu. Ngongoti, aliyeitwa hivyo kwa urefu wa miguu yake, alikuwa msaidizi wake tangu msimu uliopita, na tangu msimu uliopita dereva alikuwa hana raha.

Si kwamba aliwahi kuwakuta na kosa. Angewakuta na kosa angepumua, maana kosa lina jina na lina mlango wa kwendea. Kilichomtafuna kilikuwa kingine. Juu ya barafu, waongozaji hufungwa kwenye kamba moja: mmoja mbele anayetafuta njia, mmoja nyuma kabisa, ambaye kazi yake ni kuzuia. Wa mbele akitumbukia kwenye ufa, wa nyuma ndiye uhai wake. Dereva aliwatazama kwa darubini kutoka kwenye gari, siku nenda siku rudi, na aliona jambo moja lililomchoma kuliko yote: mkewe hakuwa akigeuka. Huyu mwanamke ambaye nyumbani hufunga mlango akarudi kuusukuma tena kuhakikisha, juu ya nyufa zinazoweza kumeza basi zima alitembea mbele bila kutazama nyuma, kwa sababu nyuma alikuwepo Ngongoti.

Dereva alitaka hicho tu. Alitaka siku moja awe yeye mtu wa nyuma, na mkewe asigeuke.

Njia nzima ya kuelekea kwenye mawe meusi aliendesha jicho moja barabarani na jingine kwenye kioo. Ngongoti alisema kitu, mkewe akacheka hadi akajishika kifua. Shemeji, shemeji, alijisemea dereva, kumbe taa mnazima. Nyuma yao maharusi wawili walikuwa wakilishana biskuti. Bibi harusi alikuwa fundi wa umeme, mtu wa kupanda nguzo, na tangu asubuhi alikuwa akichunguza mikanda na pete za chuma kama mtu aliyekutana na ndugu zake. Bwana harusi aliogopa hata ngazi za hoteli na hakuona haya kulisema. Kiti cha nyuma kabisa alikaa daktari wa meno aliyestaafu, mzee mchangamfu aliyemwambia kila mtu asitafune barafu.

Walipofika chini ya mlima, dereva alijitenga na simu sikioni. Simu ilikuwa imezimwa. Alitikisa kichwa, akasema "ndiyo" na "sawa bosi" mara kadhaa, kisha akarudi na uso wa mtu aliyeletewa mzigo asioutaka.

"Ofisini wamepiga," alimwambia Ngongoti. "Kuna mkaguzi wa vifaa anakuja. Wanataka mwongozaji mmoja abaki hapa ampokee."

"Leo? Mbona mimi hawakuniambia?"

"Hata mimi nimeshangaa, ndugu yangu. Lakini unawajua hawa."

Uongo ukiwa na adabu hupita kila mlango. Ngongoti alikuna kichwa, akamtazama yule mama, na yule mama akamtazama mumewe.

"Na nyuma ya kamba atakaa nani?"

"Si nipo? Cheti ninacho." Na kweli alikuwa nacho. Kampuni iliwafundisha madereva wote kushika nyuma, kwa dharura, siku mwongozaji akiugua.

"Cheti unacho, lakini hujawahi kupanda na wageni."

"Kila jambo lina mwanzo wake, mama watoto."

Mkewe aliwatazama wageni. Angeweza kukataa, na kama angekataa wageni wangerudi bila kukanyaga barafu waliyoifuata kutoka mbali. Akamfunga mkanda mwenyewe, akavuta fundo kwa nguvu.

"Basi nisikilize vizuri. Kamba isilegee. Nikisonga, songa. Nikisimama, simama. Ukiona kamba imelala kwenye theluji, ujue umenikaribia kupita kiasi, rudi nyuma. Umenielewa?"

"Nimekuelewa."

"Hapa usielewe kwa kichwa. Elewa kwa miguu."

Ngongoti alivua glavu zake na kumpa. "Chukua hizi shemeji, zako zinateleza." Dereva akasema zake zinamtosha. Kiburi nacho huwa hakisikii baridi.

Wakapanda. Mwanzoni barafu ilikuwa chafu, imejaa majivu ya volkano, rangi yake kama ya sufuria isiyosuguliwa. Juu zaidi ikawa nyeupe, na ndani ya nyufa ikawa buluu ya kutisha. Meno ya chuma chini ya viatu yalikuwa yakikwaruza kwa sauti moja. Dereva alikuwa mwisho wa msafara na roho yake ilikuwa kwatu. Kamba ilitoka kiunoni mwa mkewe, ikapita kwa daktari wa meno, kwa maharusi, ikaishia kwake. Aliona fahari kama bwana wa shamba. Alimfikiria Ngongoti chini huko, amekaa na helmeti zake akimsubiri mkaguzi asiyekuwepo, na moyoni akacheka.

Kisha mkewe akageuka.

Alitazama nyuma, akaangalia kamba, akaendelea. Baada ya kitambo akageuka tena. Dereva akampungia mkono kwa tabasamu. Mkewe hakutabasamu, alikuwa anaangalia kamba. Akageuka tena na tena, mpaka daktari wa meno akauliza kama kuna mtu wanayemngojea.

Kila alipogeuka, dereva alisikia mkuki. Kwa yule mwingine hageuki! Kwa mumewe, baba wa watoto wake, aliyelala naye kitanda kimoja miaka yote hii, anageuka kama mtu aliyemwachia jirani mlevi ufunguo wa nyumba. Fahari yote ikayeyuka. Akaanza kumhesabia mkewe makosa, na mwenye wivu hakosi cha kuhesabu.

Wakafika kwenye ufa mpana uliofunikwa na daraja la theluji. Hapo utaratibu ulikuwa mmoja: wageni hufunguliwa kamba na kusimama mahali salama, na waongozaji wawili huenda kulipima daraja. Wa mbele anatangulia akichomachoma theluji kwa fimbo. Wa nyuma anakita visigino na kukaa chini, kamba imenyooka, hasogei hata akisikia jina lake linaitwa.

Dereva alikaa chini, akakita visigino. Mkewe akasonga hatua kwa hatua, akichoma fimbo, akisikiliza. Katikati ya ile kazi, akageuka.

Hapo dereva akashindwa. Aliona lazima aongee naye, tena sasa hivi, wakiwa peke yao kwa mara ya kwanza siku nzima. Angemwambia nini hata yeye hakujua. Labda angemuuliza kwa nini mambo ya tumbo lake anaambiwa mtu baki. Akasimama, akaanza kumwendea.

"Mama watoto! Nataka kukuuliza kitu!"

Mkewe alimwona anakuja na kamba ikijikunja mbele yake kwenye theluji, mikunjo mikubwa, mivivu kama nyoka aliyeshiba. Alifungua mdomo.

"Rudi ny—"

Daraja likakatika. Halikutoa hata mlio mkubwa. Lilisema *fu*, kama mtu anayepuliza mshumaa, na pale alipokuwa mwanamke pakabaki shimo. Mikunjo ya kamba ikaanza kukimbilia shimoni mmoja baada ya mwingine. Dereva aliikamata kwa mikono, na glavu zake zikateleza. Kisha mikunjo ikaisha, na mkanda ukamng'oa. Alianguka kifudifudi akaburutwa kuelekea ufani, akikwangua barafu kwa kucha, kwa kidevu, kwa kila alichoumbiwa. Alikuwa akipiga kelele, na kelele zenyewe zilikuwa jina la mkewe, lile la usichana ambalo hakuwa amelitumia tangu wazae.

Aliyemzuia ni bibi harusi. Waliambiwa wasisogee, naye akasogea. Alikuja mbio, akajitupa kwa uzito wake wote juu ya miguu ya dereva, akapigilia kwenye barafu sururu ndogo waliyopewa wageni wote, akaizungushia kamba kabla mtu hajasema lolote. "Lala hivyohivyo!" alimfokea. "Usiguse kitu!" Na dereva akalala hivyohivyo, pua yake ikichungulia shimo.

Kimya. Kisha kutoka chini sauti ikasema, "Nipo."

Mwanamke alijipandisha mwenyewe, kwa sururu na meno ya viatu, kipande kwa kipande, bibi harusi akivuta kamba kila ilipolegea. Alipotoka, bega moja lilikuwa limeteremka na midomo ilikuwa imebadilika rangi. Daktari wa meno akalifunga bega kwa skafu yake, akisema mifupa si fani yake lakini fundo analijua. Dereva alitaka kumkumbatia mkewe. Mkewe akainua mkono ulio mzima, kumzuia.

"Kamba ililegea," alisema.

"Nilikuwa nakuja kwako."

"Nimekuona ukija." Alihema kidogo. "Ngongoti hajawahi kunisogelea huku juu. Hata siku moja."

Ukungu ulikuwa umeanza kushuka, na hapakuwa na muda wa kukaa. Akachukua redio ya mkononi, akamwita Ngongoti, akamwambia aje awapokee chini ya mteremko, kwamba yeye ameumia bega lakini anatembea. Redio ikakoroma, kisha Ngongoti akajibu kwa sauti ya mtu ambaye tayari anakimbia.

"Nakuja! Kwanza hata huyo mkaguzi ofisini hawamjui. Nimewapigia, wanasema hawajapiga simu kwa mtu yeyote leo!"

Mwanamke akazima redio. Hakumtazama mumewe mara moja. Alikung'uta theluji kwenye mkono wa koti lake, polepole, mpaka ikaisha.

"Hakuna mkaguzi."

"Hakuna."

"Umemwacha mtu wa kazi chini, ukanipandisha mimi na watu wa watu huku juu. Kwa sababu gani?"

Dereva alitafuta sababu kubwa, inayolingana na lile shimo. Hakuipata.

"Anajua umeacha sukari," alisema. "Mimi sikujua."

Bwana harusi akaangalia viatu vyake. Usoni mwa mwanamke hasira na huruma zilikuwa zikipigana.

"Kila asubuhi naweka chai mezani kwetu," alisema. "Sukari iko kwenye kopo lake, mimi siigusi, na wewe umekaa mbele yangu na simu yako. Ungeinua macho tu."

Akageukia wageni na sauti yake ikarudi kuwa ya kazi. Walipaswa kufungwa upya kwa ajili ya kushuka. Dereva, kwa mazoea ya siku ile moja, aliokota ncha ya nyuma ya kamba na kuanza kuifunga kiunoni. Mkewe akaja, akaichukua mkononi mwake bila kunyang'anya, akampa bibi harusi. Kisha akamshika mumewe kiwiko, akampeleka katikati, kati ya daktari wa meno na bwana harusi. Mtu wa katikati hana kazi. Haongozi wala hazuii. Hutembea tu akitazama mgongo wa aliye mbele. Akamfunga, akavuta fundo, akapita kwa mwingine akavuta na lake.

"Tufuatane taratibu," alisema kwa wote. "Mwenye kuogopa aseme."

Wakaanza kushuka ndani ya ukungu. Kamba mbele ya dereva ilikuwa imenyooka, na nyuma yake vilevile. Baada ya muda bwana harusi, ambaye hofu ilikuwa imeanza kumtoka na maneno yamemjia, akamwinamia begani.

"Umemwona yule nyuma?" alinong'ona, akichekelea. "Mke wangu yule! Ndiye aliyetuokoa."

"Nimemwona," alisema dereva.

Alitaka kumwambia kwamba na huyu aliye mbele, mwenye bega lililofungwa skafu, ni mke wake yeye. Alifungua mdomo aseme. Lakini alikuwa amefungwa kama mgeni kati ya wageni, na akaona haya kulisema mbele ya watu waliokuwa wameona yote. Akaufunga mdomo, akaendelea kushuka.