Pole ya Mama Mkwe

Kwa miaka mingi mke wangu alilipwa ili achukiwe. Jukwaani, enzi ambazo mwigizaji alitegemea kifua chake na si kinasa sauti cha kubandikwa ukosini, alikuwa mama mkwe mlafi, mama mkwe mchawi, mama mkwe mwenye ulimi wa upanga. Filamu zilipokuja, watengenezaji wake walimfuata nyumbani kumwomba ubaya ule ule. Jina lake likasahaulika. Akawa Mama Mkwe. Sokoni mabibi harusi walimkwepa, na muuza nyanya mmoja alimwambia mbele yangu, "Wewe sikuuzii! Mwache kwanza yule mtoto wa watu apumue!"

Yeye alicheka, mimi sikucheka. Naye aliacha kucheka siku mjukuu wetu aliporudi kutoka shuleni macho yakiwa mekundu.

"Bibi, hata mara moja tu, huwezi kuwa mtu mwema?"

Ndipo akakubali filamu ya mwongozaji kijana, stadi wa kuvaa miwani ya jua ndani ya nyumba. Safari hii angekuwa mama mzazi anayemfariji bintiye aliyefiwa na mume. Nilimsindikiza, nikakaa juu ya sanduku la taa, pembeni mwa chumba kilichojaa nyaya.

Nyota wa filamu, binti ambaye kipaji chake chote kilikuwa kwenye kope za bandia, aliketi kitandani akijitazama kwenye simu. Mke wangu akafungua mswada, akasoma: "Ninajisikia vibaya kwa ajili yako. Chukua muda wako."

"Mwanangu," akamwuliza mwongozaji, "huyu ni mama au mashine ya benki?"

"Bibi, ndivyo watu wanavyoongea siku hizi."

"Watu gani?"

"Sema kama ilivyoandikwa, tafadhali. La sivyo, kuna mama mwingine anasubiri nje."

Akasema kama ilivyoandikwa. Kiatu cha kuazima humchechemesha hata mchezaji hodari: kinywani mwake maneno yale yakawa kejeli tupu. Fundi wa taa akaangua kicheko. Akarudia, fundi wa sauti naye akashindwa kujizuia.

"Huyo ni Mama Mkwe kabisa!"

Nilimwona mke wangu akiukunja mswada, akauweka kitandani pale alipotakiwa kuketi.

Mara ya tatu aliingia taratibu, akaketi, akamshika binti yule mkono, akanyamaza hata nikadhani amesahau. Kisha akasema, "Pole, mwanangu."

Basi. Nyota alilia kweli, pengine kwa mara ya kwanza tangu aachishwe ziwa. Kope moja ikamdondokea mapajani.

"Kata!" akafoka mwongozaji. "Hilo neno halimo kwenye mswada!"

"Kweli halimo," mke wangu akakubali. "Mswada nimeukalia."

Siku ya uzinduzi tuliketi ukumbini, mjukuu katikati yetu. Kwenye skrini uso ulikuwa wa mke wangu. Sauti haikuwa yake. Mwongozaji alikuwa ameajiri mtu mwingine aisome ile sentensi ya mswada, akaibandika juu ya pole yetu. Midomo ilikwisha kufumbwa, sentensi bado inakokota miguu. Ukumbi mzima ukacheka. Ndivyo walivyo waliofundishwa na vitabu vya wageni kuongea: hata rambirambi huitia viraka.

Nikamtazama mjukuu. Hakuwa akicheka.

"Bibi," akanong'ona, "ulisema pole. Nimeona."

"Hata mimi nimeona, mama," akadakia mwanamke mmoja nyuma yetu. Mama, si Mama Mkwe.

Mlangoni mwongozaji alitujia kifua mbele. "Bibi, umesikia ukumbi ulivyolipuka? Watu wamefurahi mno!"

Mke wangu akamshika mkono kama siku ile, kisha akamwambia kwa upole wote aliojaliwa:

"Pole, mwanangu."

"Asante, bibi," akajibu yule bwana, akaenda zake kupigwa picha.