Hodi Jikoni

...na maziwa nimeyamwaga mengi tena, mayai yamekuwa maji matupu, mkate ukikaa humo utanikatikia mkononi, basi niongeze yai, limebaki moja tu, haya, na lenyewe liingie, nipige kwa uma taratibu nisifanye kelele, kelele gani sasa, mtu mwenyewe yuko macho tangu alfajiri, amekaa sebuleni kwenye kiti cha karibu na dirisha, sauti ya redio iko chini, anasikia kila kinachofanyika humu jikoni kuliko mimi ninayekifanya, na huyo anasema, "Chumvi kidogo, mwenye nyumba, usisahau," nami nimekwisha kuitia, naitikia "Ndiyo," ndiyo kavu, ndiyo yangu ya siku zote kwake, sijui kama watu huwa wanaona, ndiyo ya mtu mwingine ingekuwa na kitu nyuma yake, ndiyo mama, ndiyo shangazi, ndiyo dada, yangu huishia hapo hapo imekatwa mkia... hivi nina umri huu, mvi zimeshanitokea kwenye paji, nina mtoto yuko chuoni, na bado sina neno la kumwita mke wa baba yangu. Siagi inayeyuka, moto upunguzwe kidogo, ikianza kuwa kahawia ndipo kipande cha kwanza kiingie, na hili nanasi limeshaanza kutoa maji yake, linanukia nyumba nzima, ndizi nitazitia mwisho zisije zikawa uji, ndivyo alivyokuwa akifanya yeye, matunda yaliyobaki ya wiki, ndizi yenye madoadoa, nusu nanasi, chungwa lililosinyaa lisilo na mwenyewe, yote sufuriani na sukari na kijiti cha mdalasini mpaka yawe rojo zito la kumwagia juu ya mkate, "haya, wachovu wote njooni huku," alikuwa akiyaambia matunda, na mimi nacheka nimeugeukia ukuta asinione, maana nilikuwa nimejiapiza kwamba huyu mwanamke hatanichekesha.

Saa nne mdogo wangu anakuja kumchukua, wiki yangu imekwisha, kule kwake ndiko atakakokaa, kuna chumba cha chini kisicho na ngazi, kuna wajukuu, sawa, ni uamuzi mzuri, hata mimi niliukubali, na atakapoingia mlangoni ataanza, mama umelala vipi, mama dawa ya macho umetia, mama huyu dada yangu amekulisha au amekushindisha na njaa, mama mama mama, hilo neno analitumia ovyo kama mtu aliyezaliwa nalo kinywani, wala hajui kwamba kuna siku alilianza, mimi najua, nilikuwepo... kipande cha kwanza kiingie sasa, ssss, vizuri, sauti hiyo hiyo. Asubuhi ile ya kwanza mke mpya wa baba alisimama mlangoni mwa jiko, jiko la nyumba aliyoolewa, akapiga hodi. Hodi jikoni, nani aliwahi kusikia. Baba alishaondoka kwenda kwenye kibanda chake cha kutengeneza redio, mdogo wangu amekaa sakafuni hana suruali, mimi nimesimama mbele ya jiko mikono kiunoni, mtoto wa darasa la tatu, nikamwambia, "Hili ni jiko la mama yangu," mama yangu ambaye alikuwa chini ya udongo tangu mvua za mwaka uliopita, na yule mwanamke wa kandambili mpya hakukasirika, wala hakunicheka, akasema, "Basi mwenye nyumba, naomba nipike humu leo, nikiharibu utanifukuza." Nikamwonyesha kikaango cha chuma kilichotundikwa ukutani, nikasema hicho ni cha mama, asikiguse. Akaenda kuazima kwa jirani. Bibi harusi wa juzi, anagonga kwa majirani kuomba kikaango, majirani walipata la kusema mwezi mzima. Mkate wenyewe ulikuwa wa juzi, mgumu, nikamwambia kwa furaha kwamba umeharibika, akasema, "Mgumu ndio wenyewe, ule laini unakunywa mayai mpaka unalewa," akachovya, akakaanga, akamwaga rojo la ndizi juu, akaweka sahani sakafuni kwa mdogo wangu, mtu akala vipande viwili, akajilamba vidole, akasema "mama, tena," hapo hapo, bila suruali, alituuza wote kwa vipande viwili vya mkate. Mimi nilikula vitatu na sikumwita chochote.

"Umepata mdalasini?" anauliza kule, "Upo," namjibu, hapo hakuna tabu, kumjibu ni rahisi, mtu akikusemesha unajibu tu, tabu ni kuanza, na kuanza nimekwepa miaka yote hii kwa ufundi ambao ningepewa cheti kama ungekuwa na shule yake. Baba alisema mwite mama, shangazi akasema hapana, mwite mama mdogo inatosha, wakabishana wao kwa wao kwenye mlango wa chumba changu, wote wawili hawakuniuliza, nami nikachagua kutochagua, nikajifunza kukohoa, nikajifunza kuangusha kijiko, kusema "eti" na "samahani" na "jamani", kusubiri mpaka ageuke tuonane macho ndipo nianze, kumtuma mdogo wangu, nenda kamwambie maji yamechemka, nenda kamwambie kuna mgeni, maskini yule mtoto miguu yake imekomaa kwa ajili yangu. Na siku ya harusi yangu mshereheshaji akanipa kipaza sauti, sema neno kwa mama, nikasema nawashukuru wazazi wangu, wingi ukaniokoa, watu wakapiga vigelegele, nikamwona ameinamisha kichwa anatafuta leso kwenye mkoba, nami najua leso ilikuwa mkononi. Kwenye simu nimemwandika Nyumbani. Nyumbani anapiga, Nyumbani amekata. Halafu binti yangu akazaliwa, nikapumua, maana hapo nilipata neno la kuazima, Bibi, mpelekee Bibi chai, mwambie Bibi aje, Bibi yako anasemaje, miaka ile ilikuwa raha kabisa, nilimwita mara nyingi kwa siku kupitia mdomo wa mtoto, na sasa mtoto yuko chuoni na mimi nimebaki jikoni na mikono ya siagi, sina wa kumtuma... geuza, geuza, ah, rangi nzuri, rangi ya dhahabu kabisa, kipande cha pili kiingie.

Juzi ndiyo ilinionyesha. Yale macho, walimtoa mtoto wa jicho upande mmoja, umefunikwa, wa pili unangoja zamu, unaona mwanga na vivuli tu, kwa hiyo macho kwa macho hakuna tena, nilisimama mbele yake na kikombe kama nilivyozoea, nikingoja anione, hanioni, nimesimama tu, nikakohoa, akadhani ni mtangazaji wa redioni, basi nikamgusa bega, na mtu akaruka, chai yote mapajani, mungu wangu, nafuta nafuta kwa khanga, naomba msamaha, yeye anacheka, akasema, "Sema kitu basi, mwenye nyumba. Sikuoni." Kwa upole tu alisema, ukali ningeuweza. Sema kitu. Kitu gani. Tangu juzi nazunguka na hilo, nikiosha vyombo lipo, nikilala lipo, nimejaribu mbele ya kioo cha bafuni nikiwa na mswaki mdomoni, mama mdogo, hapana, atadhani shangazi amefufuka, jina lake, haiwezekani, nani anamwita mkubwa wake jina, bibi, na mjukuu hayupo, nitaonekana kichaa... na lile jingine. Lile jingine ndilo lililokwama. Watu walidhani namwekea kinyongo, hata mimi nilidhani hivyo kwa muda mrefu, kwamba namlindia mama yangu neno lake kama nilivyomlindia kikaango, lakini si hivyo, nikisema kweli si hivyo, ni kwamba mara ya mwisho nililitumia wodini, nilikuwa nimeshika chuma cha kitanda chake, niliita kwa nguvu mpaka muuguzi akaja, niliita tena, na hakuna aliyeitika. Mtoto akiita mama na asiitikiwe anajifunza kitu. Nilijifunza kutoita.

Kikaango hiki. Ndicho hiki ninachokaangia. Yule mwanamke hakupikia humu hata siku moja, alinunua chake, chembamba cha kuunguza kila kitu, na kila Jumamosi nilikuwa namwona anakishusha hiki ukutani, anakipaka mafuta kwa kitambaa, ndani, nje, mpini, anakirudisha kwenye msumari, nilidhani anakitamani, kumbe chuma kisipopakwa mafuta kinashika kutu, na nilipoolewa akanipa kimefungwa kwenye gazeti, cheusi kinang'aa, "mali yako hii, ilikuwa kwangu kwa muda." Basi. Alikuwa amechoka kusema, alikuwa amechoka siku zote jioni kwa sababu kazi yake ilikuwa kuita watu, karani wa mapokezi, dirisha la hospitali, anashika kadi anaita jina, naam, abee, nipo hapa, mwingine anainua mkono tu, anarudi nyumbani sauti imemkauka, anakunywa maji ya moto yenye limao. Na siku moja nilipokuwa na homa nilikaa nyuma ya lile dirisha kwenye kiti chake, nikamwona ameita jina mara mbili, hakuna aliyeinuka, akaacha kuita, akatoka na ile kadi mpaka kwenye benchi, akamwekea msichana mmoja mapajani, taratibu, nikamuuliza umejuaje kuwa ni yeye, akasema, "Wapo wanaosikia jina lao na wanashindwa kuitika, ni woga tu. Hao siwaiti tena. Nawafuata walipo."

Nawafuata walipo... ngoja. Ngoja kwanza. Zile kandambili. Alikuwa na mwendo wa kuburuza, chwa chwa chwa, baba alikuwa akimtania kwamba anapiga deki kwa miguu, na huko kazini nilimwona kwa macho yangu anatembea kimya, miguu inainuka vizuri, sasa nyumbani kwa nini aburuze, na kwa nini kila nilipomhitaji alikuwa ameshatokea, nikikwama hesabu, chwa chwa, huyo mlangoni, "hodi mwenye nyumba," nilipopata damu ya kwanza nimejifungia chooni nalia, chwa chwa, huyo nje ya mlango, "hodi, nimekuwekea kitu hapa chini," usiku wa ndoto mbaya, maji yamechemka, mgeni wa kushtukiza, sikuwahi kulazimika kuita, nilijiona mjanja, nimemzunguka mtu mzima miaka yote hajagundua, kumbe. Kumbe alikuwa ameshagundua siku ya kwanza, ile ile ya kikaango, akaamua kuwa karibu daima, na kuburuza miguu nijue anakuja, nisishtuke, nipate muda wa kufuta uso. Mimi nilifikiri nakwepa. Nilikuwa nafuatwa. Ndizi, jamani, ndizi sijatia, ziingie, nikoroge, macho yananiwasha, huu si moshi.

Sahani iko tayari, kipande juu ya kipande, rojo limekuwa zito linashika kijiko, kipande cha mwisho kiko kwenye moto, na huko sebuleni kiti kinalia. Anainuka. Daktari alisema asiinuke ghafla, asiiname, asitembee bila mtu wa kumshika, na huyo anainuka, nasikia kiganja kinapapasa ukuta, kandambili zinaanza, chwa, chwa, amenisikia nimenyamaza muda mrefu, amejua nimekwama, na macho yake yale ya vivuli anakuja mlangoni mwangu kupiga hodi ili mimi niseme karibu, maana karibu naiweza, karibu haina jina ndani yake, anakuja kuniokoa tena, mara hii gizani, na akiingia tutakula, tutasifia ndizi, saa nne gari litapiga honi... na mdomo wangu umefunguka, nimeshika mwiko, sauti inayotoka si ya mwanamke mwenye mvi, ni ndogo, imepasuka katikati, sijui hata kama imefika kwenye ukumbi, "Mama, kaa, nakuletea," na kandambili zinasimama. Redio inasoma hali ya hewa. Siagi inachemka. Hakuna kitu, hakuna, nimeshika chuma cha dirisha kwa mkono mmoja, ni baridi kama kile cha kitanda, na hakuna...

"Abee," anaitika, haraka, kama msichana aliyeitwa na mkubwa wake, halafu anapenga kamasi, halafu, "Geuza huo mkate, unaungua."

Naugeuza. Upande mmoja umeshika weusi pembeni, huo nitaula mimi.