Daftari la Wodi ya Watoto

...hapana, asijibu bado, ajifanye anatafuta kitambaa, wakili mwenyewe wa kampuni ya vitabu hana haraka, kalamu imemgomea, anaichorachora pembeni mwa faili, anaipuliza, na swali lake liko palepale mezani, "Dada, marehemu aliacha daftari lolote alilokuwa akiandikia wodini?", kama aliacha! si hili hapa, ndani ya mkoba, mkoba katikati ya miguu, anaubana kwa visigino utadhani daftari litatoka mbio lijitangaze lenyewe, aseme hakuna, neno moja tu, mama mdogo alimwambia asubuhi, "Mwanangu, maiti hana mdomo, mdomo wake ni wewe," naye akaitikia, sawa mama, akachana nywele, akaja, kumbe kuitikia na kutenda ni vitu viwili... na huyu kinyozi hapo mbele yake, shati kalifunga mpaka kifungo cha mwisho lakini kovu halifungiki, limepanda juu ya kola hadi nyuma ya sikio, limekunjamana kama utando wa maziwa, asilitazame, akilitazama atamwonea huruma na huruma ndiyo itakayomponza, sufuria ya maji ya moto, kasema, akiwa na miaka sita, miezi minne kitanda cha saba, na muuguzi wa kumbadilisha bandeji alikuwa marehemu mwenyewe, mama yake yeye anayeulizwa, Sista, ndivyo watoto walivyomwita, na kila bandeji ilipobanduka Sista alimwuliza, "Haya, juu ya dari kuna nani leo?", mtoto anauma meno anajibu, yupo mfalme wa mijusi, upo mto unaopita juu ya mbao, na Sista anasema enhe, halafu?, mpaka bandeji imetoka yote... miaka thelathini na tano kanyamaza na mijusi yake, mpaka mwezi uliopita bintiye kaja na kitabu cha shule, kasoma kwa sauti, mfalme wa mijusi yumo, na baba mtu kaacha kula.

Kitabu cha mama! kitabu ambacho hakikutakiwa na mtu, nakala mia tano, nusu zililiwa na mchwa chini ya kitanda chao, mama kafa bila hata jirani mmoja kumwuliza, hivi wewe ndiye uliyeandika?, na leo kimechapwa upya, kimeingia madarasani, ndipo wenyewe wanazuka, loh, watu wana macho makavu, na afadhali angetaka fedha, angeitwa tapeli yakaisha, lakini hataki hata senti, anataka jalada liseme hadithi hizi ni za mtoto wa kitanda cha saba, basi, na kwa hiyo mama aitwe nini? mwizi, aibu gani hii, mwizi wa maneno ya mtoto aliyeungua... na daftari linasema K.7, K.3, K.7 tena, alilikuta juma lililopita chini ya sare za kazi, akajidanganya kwamba K ni kisa, kisa cha saba, ala! kisa cha saba kiandikwe mara kumi na tisa? acha ujinga, dada, unajua K ni kitanda, uliufunga ule ukurasa upesi... na hata hayo angeyameza, achukue mijusi yake, achukue mto, ila Taa, yule msichana wa kitabuni mwenye taa tumboni, huyo hapana, huyo ni wake yeye, maana mama alikuwa akirudi kutoka kazini miguu imevimba, anaitia kwenye beseni, anasema, "Nyamaza kidogo mwanangu, nimesikiliza watoto siku nzima," siku nzima! hata yeye binti akawaonea wivu watoto walioungua, hata siku moja akagusa pasi ya moto kwa kidole makusudi, ili naye aulizwe juu ya dari kuna nani, na mama akampaka dawa akalala... halafu kitabu kikatoka, mama akafungua ukurasa wa Taa, akaweka kidole, "Huyu ni wewe," mara moja tu maishani, na kwa mara hiyo moja ameishi mpaka leo, kumbe daftarini, juu ya Taa, nako kuna K.7, kumbe alivishwa nguo ya mtoto mwingine akaambiwa imeshonwa kwa ajili yake.

"...lakini yule wa taa sikumtunga kwa kupenda," kinyozi anamwambia wakili, na yeye mwenye mkoba ameshapitwa na maneno ya mwanzo, "Sista aliniomba. Siku hiyo hakucheka kabisa. Akaniambia, mwanangu anaogopa giza, nami niko zamu ya usiku, namfungia mlango peke yake, nitungie mtu wa kukaa naye. Nikamwambia tumtie taa tumboni, asihangaike na kiberiti. Akalia, akaifunga bandeji vibaya, ikabidi aifungue tena. Nikaumia mara mbili," anacheka kidogo, na nani alimwambia huyu habari ya giza? kitabuni haimo, daftarini haimo, mama mdogo haijui, yeye mwenyewe hakuwahi kumwambia mtu, alijifunika shuka gubigubi akasubiri ufunguo, akiamini mama hajui, na mama alijua, Mungu wangu, alijua, alikwenda kumwombea msaada kwa mtoto mwenye kidonda... au amebuni? si ndiyo kazi yake tangu utotoni, kubuni? maana akisema daftari hakuna, mama anatoka safi na huyu anaandikwa mwongo, na mwongo hachaguliwi maneno ya kuaminiwa, hili la giza nalo litakuwa uongo, na yeye atarudi kwenye kile chumba cha giza na hakuna aliyekuwa akimfikiria, na akilitoa, mama ni mwizi mbele ya watoto wa shule zote, nusu kwa nusu haipo, "Dada," wakili anasema, "nakusikiliza," na yeye macho yako kwenye mdomo wa kinyozi, yeye aliyekuja asubuhi akiomba Mungu amfunge ulimi, sasa anaomba kingine kabisa, asiwe amebuni, ee Mungu, mama awe mwizi, basi, awe mwizi, lakini awe kweli aliyasema yale ya giza.