Jani la Mpaka Uliong'olewa

Rahabu alijua shemeji yake Eliufoo atakuja, na alijua atakuja na nini mkononi. Ernesta, binti wa Eliufoo, alikuwa anaolewa Jumamosi, na wazee wa ukoo walikwishasema hakuna atakayetia tonge mdomoni katika nyumba iliyokosana na mjane wa ndugu. Basi angekuja na jani la isale, mmea unaopandwa mipakani. Na jani la isale, hapa Suji mlimani, halikataliwi. Ukilikataa, laana inamwacha mkosaji inakurukia wewe. Hata Walutheri wa kiti cha mbele hawathubutu kulijaribu hilo.

Ndilo lililomnyima Rahabu raha, maana hakutaka kusamehe. Kwa nini asamehe? Mwaka wa Operesheni Vijiji, Eliufoo akiwa balozi wa nyumba kumi, alimwandika mdogo wake Tumainieli, mume wa Rahabu, katika orodha ya kuhamia kijiji kipya kule tambarare. Jina lake mwenyewe akaliruka. Siku ile ile ya kuhama, lori halijaondoka, akang'oa masale yote yaliyotenga mashamba yao mawili, akaunganisha. Mtu anayeng'oa isale la mpaka! Mchawi ana nafuu. Tumainieli, mtu wa baridi na migomba, hakumaliza masika mawili huko chini. Homa ikamchukua, na kaka yake hakushuka kuzika.

Alhamisi asubuhi Eliufoo akafika kwenye kibanda alichopanga Rahabu aliporudi mlimani, akiwa na mzee Melkizedeki kama shahidi.

"Shikamoo, mzee," Rahabu akamwamkia Melkizedeki.

"Marahaba, mwanangu."

Eliufoo akapiga goti, akanyoosha jani bichi lililofungwa fundo. "Shemeji, nimekosa. Shamba nalirudisha. Nisamehe."

Rahabu hakunyoosha mkono. "Limetoka mpaka gani?"

Mzee akageuka kumtazama Eliufoo. Swali lilikuwa la haki, kwa sababu jani la msamaha huchumwa kwenye mpaka wa hao waliokosana, si pengine popote.

"La kwa jirani," Eliufoo akasema kwa shida. "Ya kwetu si unajua..."

"Najua. Uliyang'oa."

"Basi hili si jani," Melkizedeki akasema. "Hili ni chakula cha mbuzi."

Mwosha huoshwa. Rahabu angeweza kuishia hapo, arudi ndani akachambue mboga zake. Lakini moyo wake ulitaka zaidi.

"Limebaki moja," akasema. "Tumainieli aliokota shina siku ile, akashuka nalo. Likaota. Nimempandia kaburini."

Wakateremka wote watatu hadi kule tambarare, jua likawa la utosi. Kaburini isale lilikuwa limesimama kijani kibichi katika ardhi ile kavu, refu kumzidi mtu. Eliufoo akachuma jani. Akafunga fundo, likamfunguka, akafunga tena. Akampigia goti Rahabu.

"Hili ni halali," Melkizedeki akasema. "Pokea, mwanangu, yaishe."

Rahabu akaficha mikono ndani ya kanga.

"Mpaka ulikuwa wa nani na nani, mzee?"

"Wa Eliufoo na marehemu."

"Basi mimi sijaletewa jani, wala sijakataa. Mwenye mpaka huyo amelala hapo. Ampe yeye. Akilipokea, na mimi nimesamehe."

Katika mila aliyoijua mzee tangu utoto, hapakuwa na lililokataza hilo. Eliufoo akamtazama Rahabu, akatazama udongo, jani likiwa mkononi.

Tusidanganyane, Rahabu alijisikia vizuri. Alijisikia vizuri kuliko siku yoyote tangu azike. Akajifunga kanga kiunoni, akashika njia ya kupanda mlima. Nyuma yake akasikia mtu mzima anamwita mdogo wake kwa jina la utotoni, anasubiri kidogo, kisha anamwita tena.