Kitufe cha Olwen Prosser

Olwen Prosser alikuwa mjane wa vita, umri miaka arobaini na miwili, na kazi yake kwenye televisheni ilikuwa kutoonekana. Alikaa kwenye kigoda pembeni mwa studio, mswada mapajani, kidole gumba juu ya kitufe. Mchezaji akisahau maneno, Olwen alibonyeza, sauti ikakatika majumbani kote, akamtupia yule mtu neno lake, kisha akaachia.

Ilikuwa mwaka wa elfu moja mia tisa arobaini na sita. Vita vilikuwa vimeizima televisheni kwa karibu miaka saba, na sasa ilikuwa imefufuka katika jumba moja la kilimani, kaskazini mwa London. Michezo ya kuigiza ilionyeshwa papo hapo. Hakukuwa na kufuta wala kurudia. Kosa likishatoka limeshatoka.

Jumamosi moja ya Novemba, alasiri, zamu ilikuwa ya mchezo wa mlinzi wa mnara wa taa anayegoma kustaafu. Mlinzi huyo alichezwa na Cuthbert Rainsford, mzee wa miaka sabini na mmoja, ambaye zamani jina lake lilijaza kumbi. Asubuhi, wakinywa chai, alimnong'oneza Olwen kwamba bomu lililoanguka mtaani kwake lilimwachia sikio moja tu, la kushoto.

"Usimwambie mwongozaji wetu, Aldous," alisema. "Akijua atanirudisha nyumbani nikafuge kuku."

"Kwani una kuku, mzee?"

"Sina. Ndiyo maana sitaki kurudi."

Olwen alicheka. Lakini mzee alipoondoka, alipitia mswada na kutia alama ya penseli kila mahali ambapo sikio la kushoto lingeelekea ukutani. Palikuwa na sehemu tatu.

Mchezo ukaanza. Sehemu mbili za kwanza zilipita salama, taa zikiwachoma wachezaji mpaka rangi za usoni zikaanza kuyeyuka. Ya tatu ilikuwa ngazini. Mkaguzi amekuja kudai funguo za mnara, na mlinzi anatakiwa kumkatalia. Rainsford alifungua kinywa. Hakuna kilichotoka.

Olwen akabonyeza. "Taa hii nimeiwasha miaka thelathini," akamwambia. Mzee hakusikia. Akarudia kwa nguvu zaidi. Wapi!

"Mpe neno!" Desmond Aldous, mwongozaji, alifoka kwenye visikizio kutoka chumba cha juu. "Olwen, umelala?"

Akiachia kitufe amfuate, watazamaji wote watamsikia akimtajia maneno. Akiendelea kukaa, mzee ataumbuka. Olwen alivua visikizio, akang'oa kisanduku chenye kitufe kutoka kwenye msumari wake, gumba likiwa bado limebana, akalala chini. Akatambaa chini ya jicho la kamera, magoti yakikwaruzwa na nyaya, waya wa kisanduku ukimfuata nyuma.

Juu yake Rainsford hakubabaika. Alivua kofia taratibu. Akamtazama mkaguzi, akaitazama taa, akafuta kioo chake kwa mkono wa koti kama mtu anayefuta uso wa mtoto wake. Mpiga kamera akamsogelea.

Olwen alifika nyuma ya ngazi, akainuka upande wa kushoto wa mzee, akayatamka yale maneno. Macho ya mzee yakawaka. Olwen akaachia.

"Taa hii nimeiwasha miaka thelathini," Rainsford alinguruma. "Wewe nionyeshe kidole chako kimoja kilichowahi kuungua nayo!"

Walipomaliza, Aldous alishuka ngazi mbilimbili. "Sekunde kumi na nne! Sauti imekatika sekunde kumi na nne! Na wewe unatambaa studio kama paka?"

"Nifokee mimi," Rainsford alisema. "Sikio langu la kulia limekufa, nikakuficha. Huyu mama ndiye aliyenivusha. Nimecheza miaka hamsini, bwana mdogo, na sijawahi kushikwa mkono vizuri namna ile."

Aldous alimtazama mzee, kisha magoti ya Olwen yaliyochubuka, soksi zimechanika, na soksi wakati ule zilikuwa adimu kuliko nyama. Akashusha pumzi.

"Alhamisi tunaucheza tena," alisema. "Mafundi watageuza ngazi. Sikio zima lielekee kwa Olwen."

Nyumbani, mama mkwe wa Olwen alikuwa akimsubiri mlangoni. Alikuwa ameutazama mchezo kwa jirani, watu kumi na wanane wamebanana mbele ya kioo kidogo.

"Sauti ilikata, mwenye nyumba akainuka aipige mashine yake ngumi," alisimulia. "Nikamwambia, wewe, keti! Mashine yako nzima. Huyo ni mkwe wangu, yuko kazini."

Olwen alijifanya anatafuta birika, maana alihisi uso wake unataka kupasuka kwa furaha.

Alhamisi ngazi zilikuwa zimegeuzwa. Rainsford hakusahau hata neno moja. Mwishoni wachezaji walipojipanga kupigiana makofi wenyewe kwa wenyewe, kamera zikiwa zimezimwa, mzee aliwapita wote, akaenda mpaka kwenye kigoda, akainama kama anavyoinama mbele ya ukumbi uliojaa. Studio nzima ikapiga makofi, mafundi wa taa wakiwa wa kwanza. Olwen alisimama, mswada kifuani, akayapokea bila kuinamisha kichwa.